Jaji aliposema muuaji yuko nje

Ndugu msikilizaji, na wewe msomaji ambaye hukubahatika kuwa karibu na redio juma lililopita, leo nataka tuzungumze juu ya neno moja ambalo majaji hulitamka mara chache, lakini wakilitamka huacha kishindo. Jaji anasoma hukumu ya kesi ya mauaji, anawaachia huru watu waliosimama kizimbani, kisha kabla hajafunga jalada anasema: waliofanya unyama huu hawamo humu ndani, nendeni mkawatafute. Watu wanatoka mahakamani. Wengine wanashangilia, wengine wanalia. Neno la jaji linabaki kwenye karatasi. Swali langu leo ni moja tu: baada ya hapo, nani anakwenda kutafuta?

Swali hili si langu. Nimelibeba kutoka Mombo.

Wasafiri wa barabara ya Dar es Salaam kwenda Moshi na Arusha wanaifahamu Mombo. Ni mji mdogo wa wilaya ya Korogwe, chini kabisa ya milima ya Usambara, joto lake halina adabu. Hapo ndipo unapoiacha barabara kuu na kupanda kwenda Soni na Lushoto. Zamani reli ya Wajerumani kutoka Tanga ilipita hapo ikielekea Moshi, na mpaka leo Mombo ni mahali pa kusimama: mabasi husimama, abiria hushuka kunyoosha miguu, mboga na matunda ya Lushoto huteremka, habari za pande zote hukutana. Mwandishi wa habari akikosa habari Mombo, ajilaumu mwenyewe.

Nilikuwa nimekaa kwenye benchi la mama mmoja wa makamo ya bibi yangu, anauza mapeasi na ndizi. Nilimwamkia, akaitikia, akanitazama kidogo, akasema, "Mwanangu, sauti yako naijua. Wewe ni yule wa redioni." Nikakubali. Basi akaniambia, "Kama ni wewe, nina swali. Usinijibu hapa. Ukanijibu hukohuko redioni, na wengine wasikie."

Akanieleza kwamba mtoto wa mdogo wake aliuawa. Alikuwa kijana wa pikipiki. Alichukua abiria jioni, asubuhi akakutwa kando ya njia, pikipiki haipo. Vijana wawili wa mtaani wakakamatwa, wakakaa rumande miaka, kesi ikasikilizwa, wakaachiwa huru. Mahakama ilisema ushahidi haukutosha, na kwamba aliyeua bado hajaletwa. "Mimi sina ugomvi na mahakama," yule bibi akasema. "Kama si wao, si wao. Lakini wale vijana napita nao kila siku hapa stendi. Wananiamkia, naitikia. Wao hawajui namwonaje, na mimi sijui niwaone vipi. Sasa niambie, lile jalada limelala wapi?"

Ndugu msikilizaji, nimefanya kazi hii miaka mingi, nimekaa kwenye mabenchi ya mahakama mpaka nayajua yaliyolegea misumari. Sijapata kusikia swali la sheria lililoulizwa vizuri kuliko hilo. Na kulijibu, hapana budi turudi nyuma, kwenye kesi ambayo taifa zima liliifuatilia.

Ilikuwa tarehe 14 Januari 2006. Serikali ya Awamu ya Nne haijatimiza hata mwezi mmoja tangu Rais Jakaya Kikwete aapishwe. Dar es Salaam ilikuwa na hofu ya ujambazi wa kutumia silaha, na wananchi walikuwa wakidai polisi wachukue hatua kali. Siku hiyo zikatoka taarifa kwamba polisi wamewaua majambazi wanne baada ya kurushiana nao risasi katika barabara ya Sam Nujoma, karibu na pale panapojulikana kama Ukuta wa Posta. Wakazi wa jiji wakapumua. Wengi, na mimi sijitoi, tulisema afadhali.

Siku chache baadaye habari ikageuka. Ndugu wa marehemu walijitokeza na kukana kwamba watu wao walikuwa majambazi. Watatu walikuwa wafanyabiashara wa madini kutoka Mahenge, mkoani Morogoro, waliokuja mjini kwa shughuli zao. Wa nne alikuwa dereva wa teksi aliyekuwa akiwaendesha. Kelele zikawa kubwa. Rais akaunda tume chini ya Jaji Mussa Kipenka kuchunguza. Tume ikaona hapakuwa na mapambano yoyote ya risasi pale Ukuta wa Posta. Watu wale walikamatwa wakiwa hai huko Sinza, wakapelekwa katika msitu wa Pande, upande wa Mbezi Luis, wakapigwa risasi humo.

Waswahili husema njia ya mwongo ni fupi. Hii ilikuwa na urefu wa kutoka Sinza hadi Pande.

Aliyekuwa mkuu wa upelelezi wa mkoa wa Dar es Salaam, Abdallah Zombe, akafikishwa mahakamani pamoja na askari wenzake 12. Ikawa "kesi ya akina Zombe", na kwa muda wa miaka mitatu haikuwapo gazeti lisilouza kwa jina hilo. Ushahidi ulimtaja askari mmoja, koplo, aitwaye Saad, kwamba ndiye aliyefyatua risasi. Huyo hakuwamo kizimbani. Alikwisha kutoroka. Katika safari ya kesi, washtakiwa watatu walionekana hawana kesi ya kujibu, na mmoja alifariki dunia kabla ya hukumu. Wakabaki tisa.

Tarehe 17 Agosti 2009, Jaji Salum Massati wa Mahakama Kuu akasoma hukumu. Kwa saa kadhaa watu walisikiliza. Jaji alikubali kwamba watu wanne wale waliuawa, tena waliuawa kwa makusudi, na kwamba hawakuwa majambazi. Hakuwa na shaka juu ya hilo. Lakini alipofika kwa watu tisa waliokuwa mbele yake, akasema upande wa mashtaka haukuthibitisha, pasipo kuacha shaka, kwamba wao ndio wauaji. Akawaachia huru wote. Kisha akasema lile neno: wauaji wenyewe wako nje, Jamhuri iwatafute na kuwaleta.

Nakumbuka ule ukimya. Nakumbuka pia maneno ya mitaani jioni ile, kwenye daladala na kwenye vijiwe vya kahawa. Watu waliuliza: watafutwe na nani? Na polisi? Si ndio hao hao?

Hapo ndipo penye kiini cha mambo, na ningependa tukae hapo kidogo.

Wengi wetu tunafikiri kwamba jaji ni mkuu wa kila kitu kinachohusu kesi. Sivyo. Katika utaratibu tuliourithi kwa Waingereza, na ambao tumeuendeleza kwa sheria zetu wenyewe, kazi imegawanywa. Polisi wanapeleleza. Mkurugenzi wa Mashtaka, ambaye watu wa mahakamani humwita DPP, anaamua kama kuna kesi na anaipeleka mahakamani. Jaji anasikiliza yaliyoletwa na kuamua. Jaji hana askari wa kumtuma Pande. Hana gari la upelelezi. Akisema "watafuteni", neno lake lina uzito mkubwa, lakini halina miguu. Linahitaji miguu ya mtu mwingine.

Zamani hali ilikuwa ngumu zaidi, kwa kuwa polisi ndio waliopeleleza na, katika mahakama nyingi za chini, polisi haohao ndio waliosimama kuendesha mashtaka. Mkono mmoja ulishika kisu na nyama. Mabadiliko ya Katiba ya mwaka 2005 yaliipa ofisi ya Mkurugenzi wa Mashtaka nafasi yake ndani ya Katiba, na mwaka 2008 Bunge likatunga sheria ya kuwa na huduma ya taifa ya mashtaka, ili waendesha mashtaka wawe wanasheria na si askari. Hiyo ni hatua njema. Lakini mwenye kwenda kwenye eneo la tukio, mwenye kuokota ganda la risasi na kumhoji jirani, amebaki kuwa askari wa upelelezi.

Sasa tuone neno la Jaji Massati lilifika wapi.

Mkurugenzi wa Mashtaka hakuridhika. Alikata rufaa. Hapa niwakumbushe wasikilizaji jambo ambalo wengi hawalijui: katika kesi ya jinai, ndugu wa marehemu hawana haki ya kukata rufaa. Kesi ni ya Jamhuri, si ya familia. Mkurugenzi akinyamaza, familia imenyamazishwa. Safari hii hakunyamaza. Lakini mwaka 2013 Mahakama ya Rufani iliitupa rufaa ile, kwa sababu hati ya kuonyesha nia ya kukata rufaa ilikuwa na kasoro za kisheria. Ndiyo, ndugu msikilizaji. Watu wanne wamekufa, na rufaa inaanguka kwa kasoro ya karatasi. Usicheke, wala usikasirike upesi. Mahakama isiyojali karatasi leo, kesho itakufunga wewe kwa karatasi isiyokuwapo. Lakini mjane anayesubiri hawezi kuelezwa hivyo akaelewa.

Upande wa mashtaka ukaomba upewe muda mpya, ukaanza tena, safari hii dhidi ya watu wanne. Mwezi Septemba 2016, zaidi ya miaka kumi tangu siku ile ya Pande, Mahakama ya Rufani ikatoa uamuzi. Zombe na wenzake wawili wakabaki huru. Mmoja, Christopher Bageni, aliyekuwa mkuu wa upelelezi wa Kinondoni, akaonekana ana hatia na akahukumiwa kunyongwa.

Tazameni vizuri hapo. Mahakama ya Rufani haikuletewa mtu mpya aliyekamatwa porini. Ilisoma upya ushahidi uleule uliokuwa mbele ya Jaji Massati, ikaupima kwa mizani yake, ikaona kwamba kwa mtu mmoja ushahidi ulitosha. Kwa maneno mengine, jalada lililodhaniwa limekwisha lilikuwa bado lina la kusema. Na yule koplo aliyetajwa tangu mwanzo kwamba ndiye aliyefyatua risasi? Hakuwamo kizimbani mwaka 2009, na hakuwamo mwaka 2016.

Je, tumlaumu Jaji Massati? Mimi simlaumu, na nitaeleza kwa nini. Jaji anayeamini kwamba mauaji yametendeka, anayesikia kilio cha nchi nzima, na bado akakataa kumfunga mtu ambaye kwa maoni yake hajathibitishiwa kosa, anafanya kazi ngumu kuliko zote. Ingekuwa rahisi kuwatia hatiani wote tisa na kurudi nyumbani akiwa shujaa. Mahakama ya juu haikukubaliana naye juu ya mtu mmoja, na ndiyo maana tuna mahakama ya juu. Lakini lile neno lake la mwisho lilikuwa sahihi, na kosa halikuwa kulitamka. Kasoro iko katika utaratibu wetu: hakuna siku iliyopangwa ya mtu kurudi mbele ya mahakama na kusema, "Mheshimiwa, ulituambia tutafute, na haya ndiyo tuliyoyafanya."

Wengine huuliza: kwa nini basi mahakama isiamuru kesi ianze upya? Mahakama za Afrika Mashariki zililijibu swali hilo zamani. Mwaka 1966, katika shauri la Fatehali Manji dhidi ya Jamhuri, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilisema kwamba kesi isikilizwe upya pale tu haki inapodai hivyo, na si kwa ajili ya kumpa mwendesha mashtaka nafasi ya kuziba matundu ya ushahidi wake. Uamuzi huo unanukuliwa mpaka leo. Una maana kwamba serikali haiwezi kukubururuta kizimbani mara ya pili na ya tatu mpaka ipate inachokitaka. Aliyeachiwa huru baada ya kesi kusikilizwa ameachiwa. Hii ni tofauti na mtu ambaye mashtaka yake yameondolewa na Mkurugenzi wa Mashtaka kabla ya hukumu. Huyo anaweza kushtakiwa tena, na tumewaona kwa macho yetu waliokamatwa tena hata kabla hawajavuka lango la mahakama.

Kwa hiyo kufungua upya upelelezi na kumshtaki upya aliyeachiwa ni vitu viwili mbalimbali. Upelelezi wa mauaji hauna mwisho. Kosa la kuua halichakai kwa miaka. Kinachofungwa ni mlango wa kumrudia yule aliyekwisha kuhukumiwa. Mlango wa kumtafuta muuaji uko wazi, isipokuwa kwamba mara nyingi hakuna anayepita.

Majirani zetu wa Kenya wana darasa lao. Mwezi Septemba 1988 binti wa Kiingereza, Julie Ward, mwenye umri wa miaka 28, aliuawa katika hifadhi ya Masai Mara. Kwanza wakubwa wakasema ameliwa na wanyama. Katika taarifa ya daktari, neno lililoonyesha kwamba mwili ulikatwa likabadilishwa lisomeke kwamba ulichanwa. Baba yake, mzee John Ward, hakukubali. Mwaka 1989 hakimu aliyechunguza kifo hicho akasema wazi kwamba binti yule aliuawa. Polisi wa London wakaja kusaidia. Walinzi wawili wa hifadhi wakashtakiwa, na mwaka 1992 Mahakama Kuu ikawaachia, na jaji akasema wapo wengine wanaostahili kuchunguzwa. Unasikia? Neno lilelile. Miaka ikapita, mtu mwingine akashtakiwa, naye mwaka 1999 akaachiwa. Mzee Ward alisafiri kwenda na kurudi Kenya kwa miaka zaidi ya thelathini, akafariki mwaka 2023 bila kumwona muuaji wa binti yake akihukumiwa.

Mzee Ward alikuwa na uwezo wa fedha na alikuwa na ubalozi wa nchi yake. Sasa mtazame mwingine. Agnes Wanjiru, mwanamke wa miaka 21 wa mji wa Nanyuki, alitoweka mwezi Machi 2012, akaacha mtoto mchanga. Miezi miwili na ushei baadaye mwili wake ulikutwa ndani ya shimo la maji machafu la hoteli moja mjini humo. Askari wa Kiingereza walikuwa mjini kwa mazoezi. Kwa miaka saba jambo likalala. Mwaka 2019 hakimu Njeri Thuku akamaliza uchunguzi wa kifo chake na kusema aliuawa, na kwamba waliohusika walikuwa askari wa Kiingereza, akataka hatua ziendelee. Bado mambo yakajikokota, mpaka magazeti ya Uingereza yalipoyaibua mwaka 2021. Mwezi Septemba 2025 Mahakama Kuu ya Nairobi ikatoa hati ya kukamatwa kwa raia mmoja wa Uingereza. Kutoka neno la hakimu hadi hati ya kukamata ni karibu miaka sita. Familia ile haikuwa na fedha wala ubalozi. Ilikuwa na dada na mpwa waliokataa kunyamaza.

Na Afrika Kusini? Ahmed Timol, mpinzani wa ubaguzi wa rangi, mwaka 1971 alidondoka kutoka ghorofa ya juu ya jengo la polisi mjini Johannesburg. Mwaka 1972 hakimu akasema alijiua. Familia ikashikilia. Mwaka 2017 uchunguzi ukafunguliwa upya, na Jaji Billy Mothle akatamka kwamba Timol hakujiua, aliuawa na polisi wa usalama. Akapendekeza askari mmoja mzee aliyekuwa bado hai achunguzwe. Askari yule alishtakiwa, lakini akafariki mwaka 2021 kabla kesi haijasikilizwa. Ukweli ulikuja ukiwa umechelewa, ila ulikuja. Aliyeandikwa kwamba alijiua, leo ameandikwa kwamba aliuawa. Kwa familia, hilo si dogo.

Hata sisi Watanzania tumetoa mtu wa kazi ya namna hii. Ndege ya Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa, Dag Hammarskjöld, ilianguka karibu na Ndola mwaka 1961. Umoja wa Mataifa ulipoamua kuliangalia upya jambo hilo, mwaka 2015 ulimkabidhi kazi Jaji Mohamed Chande Othman, aliyekuwa Jaji Mkuu wetu. Zaidi ya nusu karne imepita, mashahidi wengi wamekufa, na bado dunia inaona inafaa kuuliza. Mimi husema, kama inafaa kuuliza kwa Katibu Mkuu, inafaa kuuliza kwa kijana wa pikipiki wa Mombo.

Umegundua nini katika mifano hii yote? Mimi nimegundua mambo mawili. La kwanza, kila penye neno la mahakama lililozaa matunda, palikuwa na mtu nje ya mahakama aliyelibeba. Baba, dada, mpwa, mwandishi, au Mkurugenzi wa Mashtaka asiyekata tamaa. Neno lisilobebwa lilibaki palepale liliposomwa. La pili, kila penye kuchelewa, aliyefaidika na kucheleweshwa huko ni muuaji.

Kuna hatari nayo ni lazima niitaje, maana mizani ina pande mbili. Polisi wakisukumwa sana walete mtu, watamleta mtu. Si lazima awe yule. Tukumbuke kwamba hata wale wanne wa Pande walikufa katika siku ambazo sisi raia tulikuwa tukidai matokeo ya haraka. Tulipotangaziwa kwamba majambazi wameuawa, hatukuuliza jina. Kwa hiyo ninapoomba upelelezi ufunguliwe, siombi akamatwe yeyote aliye karibu. Naomba kazi ya subira: shahidi aliyehama atafutwe, pikipiki iliyoibwa ifuatwe namba zake, simu ya marehemu ijulikane iliishia kwa nani.

Tena tunayo sheria ambayo tumeiacha ishike vumbi. Ipo Sheria ya Uchunguzi wa Vifo ya mwaka 1980, inayompa hakimu mamlaka ya kukaa kama mchunguzi wa kifo, kuita mashahidi hadharani na kuuliza: huyu alikufaje, wapi, lini? Hapo hakuna mshtakiwa. Pana swali tu. Kenya waliitumia njia kama hiyo kwa Julie Ward na kwa Agnes Wanjiru, na ndiyo iliyosema kwa mara ya kwanza neno "aliuawa". Sisi twaitumia kwa nadra mno. Mtu akikutwa amekufa tunasubiri mshtakiwa, na mshtakiwa akiachiwa tunadhani na kifo kimefutwa.

Sasa, mama yangu wa Mombo, nakujibu kama ulivyotaka, na wengine wasikie.

Jalada la mtoto wenu halijafa. Kwa sheria, liko wazi mpaka muuaji apatikane. Limelala, na jalada likilala huamshwa na mwenyewe. Nendeni na nakala ya hukumu, maana hukumu ni hati ya wazi na mna haki ya kuiomba mahakamani. Tafuteni ule ukurasa ambapo mahakama imesema muuaji hajaletwa. Andikeni barua kwa ofisi ya mashtaka ya mkoa, mwambatanishe ukurasa ule, na nakala kwa mkuu wa upelelezi wa mkoa. Ulizeni jambo moja tu: tangu siku ya hukumu, nini kimefanyika? Wekeni tarehe. Wasipojibu, andikeni tena, mtaje tarehe ya barua ya kwanza. Msiende kwa matusi, wala msiende na fedha. Nendeni na karatasi, na mtunze nakala.

Na kwa wakubwa wenye dhamana nasema hivi, kwa heshima zote. Haigharimu bajeti kuweka utaratibu kwamba kila hukumu ya mauaji inayosema "muuaji yuko nje" ipelekwe kwa maandishi ofisi ya mashtaka, na baada ya miezi kadhaa taarifa irudi mahakamani, hata kama taarifa yenyewe ni kusema hatujapata kitu. Na pale ambapo wanaotuhumiwa ni askari, anayetafuta asiwe yule aliyelala bweni moja nao. Wale wa mitaani walioniuliza mwaka 2009, "watafutwe na nani?", hawakuwa wahuni. Walikuwa wanasheria wasio na majoho.

Nimalizie kwa wale vijana wawili. Mara nyingi tunaposema upelelezi ufunguliwe, tunafikiria familia ya marehemu peke yake. Lakini wako na wale walioachiwa. Wamekaa rumande, wamepoteza ujana, mahakama imesema hawana hatia iliyothibitishwa, na bado kila wakipita stendi ya Mombo kuna macho yanayowafuata. Muuaji wa kweli asipotafutwa, hao wataendelea kutumikia kifungo ambacho hakuna jaji aliyekitoa. Akipatikana, yule bibi ataitikia salamu yao kwa moyo mmoja, na wao watamwamkia bila kutazama chini.

Damu ya mtu haipotei, walisema wazee wetu. Tusiwafanye wazee wetu waongo.

Tukutane juma lijalo, saa ileile.